Bwana Subiri na Ngazi za Soko Kuu

Wasikilizaji wapendwa, leo sitawabembeleza. Nina hasira. Jana tulimzika Bwana Subiri, mpiga picha wa kile kipindi cha televisheni ya mkoa kilichofuatilia maisha ya jiji na siasa zake. Narudia: mpiga picha. Sura yake hamkuwahi kuiona, lakini kwa miaka kumi na tisa mlilitazama jiji kwa jicho lake.

Jina la Subiri tulimpa sisi pale studioni. Mahojiano yakiisha, wote tulikimbilia chai. Yeye hakuzima kamera mpaka mgeni atoke chumbani. Ukimharakisha anakwambia, "Subiri, bado hajaondoka." Tulimcheka mno.

Siku moja mgeni alikuwa meya. Mtangazaji nilikuwa mimi, kabla sijahamia hapa redioni. Nilimuuliza kuhusu ngazi za soko kuu, zile zenye nyufa. Akasema ziko imara. Tukaagana. Kipaza sauti bado kiko kolani mwake, akamgeukia msaidizi wake: "Zile ngazi zitaanguka, mainjinia wameshaniambia. Zisianguke tu kabla ya uchaguzi."

Kamera ilikuwa inarekodi. Na mimi nilisikia.

Bosi wetu aliamuru kipande kile kikatwe. Subiri akagoma, akahamishiwa stoo kukunja nyaya. Mimi je? Nilifyata mkia, wasikilizaji, nikalinda kibarua changu.

Yeye hakunyamaza. Kila asubuhi kabla ya kazi alisimama chini ya ngazi zile, akiwasihi wauza mboga wapitie mlango wa nyuma. Wengine walimwona amechanganyikiwa. Uchaguzi ukapita, meya akashinda. Jumanne iliyopita ngazi ziliporomoka. Akina mama wanne walipona kwa sababu aliwasukuma pembeni. Yeye zikamfunika.

Na kituo kilekile kikaleta shada la maua msibani, limeandikwa "Shujaa wetu." Shujaa wenu! Hamna hata haya? Mkewe alilirudisha getini. Kisha akanivuta chumbani, akanipa nakala ya mkanda wa mahojiano yale, ambayo mumewe aliificha kabatini, chini ya mashuka. Akaniambia, "Shemeji, wewe ulikuwepo. Usinililie hapa. Rusha huu mkanda."

Shemeji, wewe na wanao, poleni sana. Nanyi mnaonisikiliza, kila mmoja ajiulize ni jambo gani alilisikia akanyamaza. Mimi nimejiuliza, na jibu limenitia aibu.

Naona mkuu wa redio anagonga kioo, ananionyesha kwa mkono nizime. Subiri, mkuu. Meya bado hajaondoka.

Fundi, weka mkanda.