Beki Asiyekwepa

Jumamosi ile Doreen alipanda basi la kwenda uwanjani, skafu ya timu shingoni, kumwona mwanawe Craig akianza kucheza beki wa kati. Mbele yake aliketi mzee mwenye kovu kwenye paji la uso. Bwana mmoja mnene aliyeingia na pai ya nyama mkononi akamtambua, akapaza sauti.

“Tattersall! Beki wetu! Mzee wangu, unaikumbuka mechi ya matope? Ulipasuka hapo kwenye paji, wakakushona bila ganzi, ukarudi na bandeji imelowa damu, ukapiga kichwa mpira mpaka wavuni!”

Mzee akatabasamu. “Tulishinda?”

“Acha utani! Tulishinda, tukabaki daraja la tatu. Mabeki wa siku hizi wakiguswa tu, wanalia.”

“Sisi kila asubuhi tulipiga vichwa mpaka masikio yavume. Ukikwepa, kocha anakuita binti.” Mzee akatazama mvua dirishani. “Mechi ipi hiyo? Tulishinda?”

Yule bwana akacheka, ila cheko likamkauka. “Tulishinda, mzee wangu.”

Doreen akaikamata skafu yake. Craig hulalamika kuumwa kichwa kila baada ya mazoezi, naye humpa panadoli na kumwambia ajikaze. Mama mwenzangu unayesoma, wewe humpa nini wako?

Basi likasimama uwanjani. Mzee aliiona ile skafu.

“Una mtu kikosini, mwanangu?”

“Mwanangu. Beki wa kati.”

Uso wa mzee ukang'aa kwa furaha. “Mwambie asikwepe.”