Eckehard Wiegmann na Foleni ya Makaa

Ndugu, majirani na marafiki, kwa niaba ya familia nawasomea maisha ya baba yetu, Eckehard Wiegmann, mwongozaji wa filamu.

Alizaliwa hapa Hildesheim tarehe 14 Machi 1921, mtoto wa pili wa fundi saa, akasoma hapa hapa hadi mwaka 1939, akachukuliwa jeshini, akarudi Agosti 1945 na kukuta mtaa wao umeungua wote kwa mabomu ya vita. Mwaka 1947 aliajiriwa kubeba taa katika studio moja mjini Göttingen, akapanda hadi kuwa msaidizi wa mwongozaji, na tarehe 3 Mei 1950 alifunga ndoa na mama yetu, Irmtraud, aliyekuwa akikata na kuunga filamu studioni humo, wakajaliwa watoto wawili, mimi Gesine na mdogo wangu Volkmar.

Oktoba 1954, mama akiwa na mimba ya Volkmar, baba alipewa filamu yake ya kwanza, kuhusu baridi na njaa ya mwaka 1946, baada ya vita, akawaomba wanawake arobaini wa mtaa huu wapange foleni ya kupata makaa ya kuotea moto kama walivyokuwa wakati ule, nao wakaja na kofia za kanisani, glavu, na nywele zilizotengenezwa. Mwakilishi wa wasambazaji waliolipia filamu alifoka, "Wiegmann, hii ni njaa au harusi? Wavae matambara!" Baba alipowafikishia maneno hayo, Bi Oelkers, muuza mikate, alimjibu mbele ya wote, "Wee Eckehard, nimekujua ukiwa na makamasi! Hata siku ile nilivaa kofia, ndiyo iliyobaki. Ulitaka nije foleni kichwa wazi?"

Baba akawapiga picha wakiwa na kofia zao, akapewa wiki moja arudie au aache kazi, akakataa kurudia, filamu ikafungiwa ghalani, na hakupewa filamu ya hadithi tena. Hadi alipostaafu mwaka 1984 alitengeneza filamu za kufundisha watoto kuvuka barabara.

Moyo ulianza kumsumbua Septemba iliyopita, na mwezi uliopita, akiwa wodini, nilimuuliza kama leo angewavua kofia wale wanawake. Alisema, "Ningewaambia wasogee karibu na kamera."

Alifariki Jumanne, tarehe 6 Februari 1996. Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotuletea supu, na wenzake wa studio waliosafiri kwenye theluji.

Pumzika, baba, kwa amani uliyoichagua siku ulipokataa kuwavua kofia.