Pete ya Nyumba Iliyochelewa

Mheshimiwa Diwani, Mwenyekiti wetu wa Kijiji, Mzee Amiri, Sheikh wetu na Katekista wetu, ambao leo nawaona mmekaa mkeka mmoja, wageni wetu mliotoka Mikindani na Mtwara mjini, mama zangu mnaochota maji hapa Nambunda, na wewe Fundi Yusufu Nanjota, mhunzi wetu, unayeweka nyundo chini baada ya miaka arobaini na sita: nawasalimu wote kwa heshima na kwa furaha.

Nimeombwa nimsifu Fundi. Kazi hiyo wengi hapa wangeifanya kwa ufasaha kuliko mimi, kwani nani kati yenu hana jembe lake nyumbani, lile linalokwepa kidole cha mguu kabla mwenyewe hajashtuka? Nani hajamenya muhogo kwa kisu chake huku akizungumza na jirani, wala asijikate? Tunajua anavyofanya. Chuma kikiwa chekundu anakiinamia, anakiambia neno kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayemwagiza mwanawe dukani, kisha anapiga nyundo, na chuma hakisahau. Lakini mimi nimesimama hapa kwa sababu ambayo wengine hamna. Mimi ndiye niliyemfungia kiwanda.

Wageni, msishangae, nitaeleza. Mwaka 2012 nililetwa hapa kuwa Mtendaji wa Kijiji, nikitokea Iringa na mke wangu Neema, yule pale mwenye kitenge cha kijani. Nilikuwa sijawahi kuona chuma kikimsikia mtu. Wiki ya kwanza nilimkuta Fundi akizungumza na shoka, nikaogopa. Nikajiuliza: mtu anayeweza kukiagiza chuma kisimkate mtu, atashindwaje kukiagiza kimkate? Lilikuwa swali zuri. Kosa langu ni kwamba sikumuuliza mwenyewe.

Mwaka ule mamba wa Ruvuma walikuwa wamechukua watu watatu pale tunapochotea maji, na wa tatu alikuwa Bi Rozalia, dada yake Mwenyekiti. Fundi akaomba kila nyumba ilete kipande cha chuma: panga lililovunjika, jembe lililoisha, mnyororo wa baiskeli. Kila kipande alikifua kuwa pete moja, na kila pete aliiambia majina ya wachota maji wa nyumba ile. Pete hizo aliziunga zikawa mnyororo wa kuzungushia mahali pa kuchotea. Ulikuwa mwembamba, mamba angeweza kuukata kwa pigo moja la mkia. Lakini mtu akiwa majini, pete ya nyumba yake ndiyo inayozikaza nyingine zote.

Binti yake, Farida, alinijia ofisini. Akasema, "Mtendaji, nyumba zote zimeleta chuma. Imebaki yako."

Nikamjibu, "Nyumba yangu haimo katika mambo hayo."

Siku mbili baadaye nilikwenda kiwandani na barua yenye muhuri, na kufuli mkononi. Fundi aliisoma barua mpaka mwisho, akaikunja vizuri, akanirudishia.

"Funga, Mtendaji," alisema. "Serikali ni wewe. Nakuomba uningoje hadi alasiri tu, imebaki pete moja."

Nilimpa hadi alasiri. Sikuuliza pete ile ilikuwa ya nani. Jioni nikafunga, na kesho yake vijana wakaenda kuutandika mnyororo mtoni.

Haikupita wiki. Asubuhi moja Neema aliwatangulia wenzake kuchota maji, nami nilikuwa nateremka njiani kumuuliza alichonituma, maana nilikuwa nimekisahau. Nilimwona mamba kabla yeye hajamwona. Ndipo nikasikia ule mnyororo ukilia, pete kwa pete, kama sahani zinazopangwa haraka, ukajikaza na kuinuka juu ya maji, mamba akaugonga kwa kifua akarudi alikotoka. Neema alipanda kwangu amelowa, ndoo imekwenda na maji. Tulikaa chini pale pale kwenye mchanga.

Nilikwenda nyumbani kwa Fundi siku ile ile. Nikamuuliza, "Chuma cha nyumba yangu ulikitoa wapi?"

"Koleo langu la zamani. Nimebaki na moja, linatosha."

"Na jina?"

"Nilimuuliza mkeo. Akanitajia na la mama yake, ili chuma kisikosee."

"Fundi, mimi nilikufungia kiwanda."

"Ulifunga wewe," alisema. "Mkeo hakufunga kitu."

Hapo nikamuuliza lile swali langu, kwamba je, anaweza kukiagiza chuma kimdhuru mtu. Hakukwepa. Alisema, "Naweza. Niliombwa mara moja nikiwa kijana, nikakataa. Aliyeniomba hakuniamkia tena hadi alipokufa, na alikuwa kaka yangu."

Ndugu zangu, mnamsifuje mtu kama huyo? Tangu siku ile mamba hajachukua mtu pale. Leo mikono yake inatetemeka, moto umempunguzia macho, na nyundo anaishika Farida, ambaye mama zangu mnasema majembe yake ni mepesi zaidi. Fundi ananung'unika kwamba binti anakiambia chuma maneno machache mno, lakini nimemwona akilisifu jembe la Farida alipodhani haonekani.

Kufuli nililifungua siku ile, na barua nikaichana. Ila kuna neno ambalo sijawahi kulisema mbele ya watu. Nimezunguka nalo miaka yote hii, nikikulipa kwa samaki na kuku badala ya kulisema. Fundi Yusufu, nilikukosea. Nisamehe. Na kwa kila asubuhi niliyoamka nikamkuta Neema nyumbani kwangu, nakushukuru.

Nanyi nyote mlionipa masikio yenu juani hapa, asanteni sana.