Mama Eulalie Cibalonza, Aliyeshinda Kesi Akakosa Njia

Wapendwa mulioacha kazi zenu ili kulia pamoja nasi, miye Adalbert, ndugu mudogo wa marehemu, familia imenituma niwasomee maisha ya dada yetu, na sauti yangu ikipanda, munivumilie.

Mama Eulalie alizaliwa Nyantende tarehe 14 Mei 1961, akasoma kwa masista kule kule, kisha akaja Bukavu kujifunza ushonaji, na tangu mwaka 1982 alifundisha mabinti kushona katika foyer, nyumba ya mafunzo ya parokia, na wengi wa mama ninaowaona hapa walipitia mikononi mwake.

Tarehe 6 Agosti 1983 alifunga ndoa na Papa Anaclet, fundi wa kuezeka nyumba, wakajaliwa Gisèle na wadogo zake watatu, wakajenga Kadutu, kwenye mutelemuko, na Papa Anaclet alituacha mwaka 2011.

Mwaka 2018 jirani wa upande wa juu, Bwana Benoît, alijenga ukuta katikati ya njia ya watu wote, akaweka magari yake pale, nasi wa chini tukabaki kupitia ndani ya mufereji wa maji machafu. Mama Eulalie alimushitaki, akashinda, Bwana Benoît akafanya appel, akikata rufaa, Mama akashinda tena tarehe 9 Juni 2022: ukuta ubomolewe. Huissier, mujumbe wa mahakama, alipomuletea Bwana Benoît hukumu, yeye Benoît alijibu mbele yetu sote:

"Juge iko na karatasi, miye niko na ukuta."

Na kila huissier alipoomba polisi wamusindikize, aliambiwa gari haina mafuta, mukubwa yuko safarini, arudi siku ingine, na hukumu iliyotolewa kwa jina la raia wa Kongo ikadharauliwa muchana kweupe. Vijana wa avenue, mutaa wetu, walikuja na nyundo, Mama akasimama mbele yao akawakataza, akisema hukumu ni ya tribunal, tribunal ndiyo itabomoa.

Tarehe 18 Oktoba 2023, mvua ikinyesha, alianguka jikoni kwa ugonjwa wa tension, musukumo wa damu, taxi ikafika kwenye ukuta ikasimama, majirani wakamubeba juu ya kiti ndani ya mufereji uliojaa, wakiteleza, na kule hospitali daktari aliuliza kwa nini tumechelewa. Mama alifariki tarehe 20. Wanatuambia ni mupango wa Mungu, lakini Mungu hakujenga ukuta.

Jana Bwana Benoît alituma mutu, eti atafungua mulango mudogo ili sanduku lipite, kwa heshima. Gisèle akamujibu:

"Mama yangu hakuomba mulango. Alishinda kesi."

Ndiyo sababu mumetuona asubuhi hii na matope mpaka magotini. Kesi sasa iko kwa jina la Gisèle.

Tunashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliomubeba, walimu wenzake wa foyer, pia Papa Guylain, huissier, mutu peke yake wa serikali aliyekuja kwetu akiona haya.

Dada yangu, wewe pumzika kwa amani, sisi bado.