Maisha ya Mzee Dakika Moja

Mpendwa wetu, ambaye wengi mlimjua kwa jina la Mzee Dakika Moja, alizaliwa tarehe 14 Machi 1958, kitinda mimba wa mkunga na fundi baiskeli, katika nyumba iliyopakana na kinamasi. Mama yake alizoea kusema kwamba siku ile vyura walipiga kelele hata kilio cha mtoto hakikusikika.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1966 hadi 1972, kisha chuo cha ufundi wa redio. Hakuwa mwanafunzi wa kutajwa. Alichapwa mara nyingi kwa kuchelewa, na kila mara viatu vyake vilikuwa na matope.

Mwaka 1981 aliajiriwa katika kituo cha televisheni kama fundi wa sauti, baadaye akashika kamera mwenyewe. Kuanzia 1991, kila Januari, alirudi kwenye kinamasi kilekile akapiga filamu kutoka jiwe lilelile: mafunjo yakikatwa, malori yakimwaga kifusi, maghala yakiinuka. Kabla ya kuondoka alirekodi dakika moja ya ukimya wa mahali, desturi aliyoitoa kwenye ufundi wa sauti, na ole wake aliyepiga chafya. Katika dakika ya 1991 vyura wanajaza masikio. Katika ile ya mwisho kuna injini tu.

Tarehe 5 Desemba 1987 alifunga ndoa na nesi, akawanyamazisha hata wageni wa arusi kwa dakika moja. Bibi arusi alishindwa kujizuia, akacheka. Kanda hiyo ipo. Walijaliwa binti mmoja, ambaye tangu akiwa na miaka kumi na miwili ndiye aliyemshikia kinasa sauti.

Mapafu yalianza kumsumbua mwaka 2022. Januari mwaka huu aligoma kubaki nyumbani. Pale jiweni alikohoa mfululizo, na binti, kwa uchungu wa kumwona akijiumiza, alimwambia, "Baba, hapa hamna tena cha kusikiliza."

"Ndiyo maana tunarekodi, mama," alimjibu.

Kikohozi kiliiharibu dakika ile. Binti aliifuta, kama alivyofundishwa kufuta kazi mbovu, wakarudia, na baba akajiziba mdomo kwa leso. Alifariki Jumatatu, 3 Juni 2024, saa nne asubuhi, mkewe akiwa amemshika mkono.

Tangu siku hiyo binti amesikiliza kanda zote. Baba hayumo. Maelezo ya filamu aliyasoma mtu mwingine, na ile "nyamazeni" yake aliisema kabla ya kubonyeza kitufe. Pumzi yake ilikuwemo katika dakika moja tu, na binti aliifuta kwa kidole chake mwenyewe. Ameomba lisemwe hapa, mbele yenu wote, kwamba jambo hili linamuuma kuliko anavyoweza kueleza.

Marehemu ameacha mjane, binti, mkwe, mjukuu wa miaka minne na dada wawili.

Kabla jeneza halijashushwa tutanyamaza dakika moja, na binti atarekodi. Mwenye kikohozi akohoe, mwenye kulia alie. Safari hii hakuna kitakachofutwa.

Pumzika salama, Baba.