Ratiba ya Adija Ukutani

Kijiwe cha kahawa cha Abdulrazaki, sokoni Newala, kina benchi moja na ukuta wa duka lililofungwa. Tangu Adija, binti wa Alfani, ashike namba moja mtihani wa majaribio wa kidato cha nne, benchi zima limejifanya baba yake. Alfani kifua kilimjaa kila alipotajwa mtoto. Ila alikuwa na kero: tangu amnyang'anye raba ili aache mpira wa pete asome, binti anaumwa kichwa, na jana kasinzia mkono ungali kwenye ugali. Leo saa kumi jioni timu ya Masasi inakuja kucheza na timu ya kina Adija. Raba zenyewe zilikuwa ndani ya mfuko, miguuni pa Alfani. Hakuthubutu kuziacha nyumbani.

— Dawa ni ratiba, alisema Hamudi, anayeitwa Profesa kwa kuwa aliacha shule darasa la tano na hajaacha kufundisha. Akaandika ukutani kwa chaki. — Shule, masaa kumi. Hisabati, sita.

— Sita!

— Baba Adija, unataka injinia au hutaki? Kiingereza, matano.

— Na hicho kichwa kinachouma? alidakia Nikolao, ambaye ni Daktari tangu apake rangi wodi moja kule Ndanda. — Damu imejaa miguuni. Alale chali, miguu juu ukutani, masaa mawili. Wagonjwa wanapona hivyo, nimeshuhudia.

— Ulimwona mgonjwa?

— Niliuona ukuta. Una alama za nyayo.

Abdulrazaki akainua birika.

— Mmesahau kuteka maji. Ndoo kichwani inakaza shingo. Shingo ikikaza, aliyoyasoma hayamwagiki. Masaa matatu.

Profesa akaandika, akapiga mstari.

— Sasa Masasi nzima hakuna wa kumfikia!

Mara Adija huyo, na sare zake za shule.

— Shikamooni.

— Marahaba, injinia!

Akausoma ukuta mara moja tu.

— Baba, hii ni ya siku moja?

— Siku moja, mama.

— Mbona yamefika masaa ishirini na sita?

Profesa akahesabu vidole vyake, vikaisha, akaazima vya Daktari.

— Na nalala saa ngapi?

Profesa akatafuta ukutani pa kuandika usingizi, hapakubaki.

Alfani aliona aibu, tena aibu kweli. Lakini fahari iliizidi.

— Mmemsikia? Ishirini na sita, bila chaki!

Akainama, akatoa raba, akazifuta vumbi kwa kofia yake.

— Nenda kacheze. Ukirudi ule, usome, ulale.

— Nisome mpaka saa ngapi, baba?

— Ratiba utaipanga wewe. Hapa anayejua kujumlisha ni wewe peke yako.

Profesa aliufuta ukuta kwa mkono wa shati, wote wakaongozana uwanjani. Adija alipotumbukiza bao la tatu, mgeni mmoja wa Masasi akauliza:

— Yule mfungaji ni mtoto wa nani?

— Wetu! likajibu benchi zima.

Alfani hakubisha. Alikuwa ameshika viatu vya shule vya binti yake, kimoja kila mkono, anavigonganisha kumshangilia.