Ojara Opoka na Mikono ya Babra

Marehemu Ojara Opoka alizaliwa tarehe 14 Machi 1991 katika kambi ya polisi ya Naguru, Kampala, mtoto wa tatu wa Sajini Opoka wa bendi ya polisi na Mama Adyero. Akiwa na miaka saba alichukua tarumbeta ya baba yake bila ruhusa, akapiga mlio wa dharura. Kambi nzima ilijipanga mstari, askari mmoja akiwa bado na sabuni masikioni. Ojara alichapwa, lakini alicheka wiki nzima.

Alisoma shule ya msingi Naguru, akamaliza sekondari Lubaga mwaka 2009. Katika muziki alifaulu vizuri sana. Habari za hesabu tusiulizane.

Tarehe 2 Desemba 2017 alimwoa Babra Atoo. Alichelewa kanisani saa nzima kwa sababu alikuwa akipiga kinanda kwenye harusi ya mtu mwingine. Babra alimsamehe, ila wakwe walichukua muda.

Mwaka 2019 alianza kutunga muziki wa filamu nyumbani kwake Ntinda, kwa njia yake mwenyewe. Filamu hakuitazama. Alimketisha Babra mbele ya kompyuta aitazame yeye, akiwa na ungo wa karanga za kumenya, kisha Ojara akaitazama mikono ya Babra. Ikimenya haraka, aliandika ngoma. Ikisimama, hakuandika kitu.

Mwongozaji wa filamu, Mubarak, alikuja juu: "Ssebo, bwana wangu, mimi naomba muziki, wewe naleta kimya!"

"Hapa mama watoto aliacha karanga," Ojara alimjibu. "Mimi iko nani ya kupiga ngoma?"

Filamu ilipoonyeshwa Bugolobi, watu walilia palepale penye kimya, na Mubarak akawashinda wote. Tangu siku hiyo karanga alizileta mwenyewe.

Januari 2025 figo zilianza kumsumbua Ojara. Alilazwa pamoja na kompyuta yake, kwani filamu yake ya tatu ilibakiza onyesho la mwisho. Babra alimenya karanga wodini huku muuguzi akifoka juu ya maganda. Onyesho hilo lilipofika, mikono yake ilisimama dakika mbili nzima. Ojara alifurahi mno, akaandika kimya cha dakika mbili, akafunga kazi. Alifariki asubuhi ya tarehe 9 Agosti 2025.

Babra ameomba tuseme ukweli mbele yenu, maana umemkaa rohoni. Onyesho lile hakuliona hata kidogo. Alikuwa akimtazama mumewe. Alipomweleza Mubarak, naye alimuuliza kwa upole kama arekebishe, aweke muziki pale.

"Wacha hivo hivo," Babra alisema. "Ile dakika mbili ni ya mimi na yeye."

Ojara ameacha mjane, Babra. Binti, Lamwaka, mwenye miaka sita. Wazazi wake wote wawili. Kaka yake, Oola, na dada yake, anayewasomea haya. Tulimpenda sana. Mungu amlaze pema.